Baiskeli Yangu na Shamba la Wandera

Nakumbuka siku moja nilimbeba mdeni hadi ng'ambo, upande wa Uganda, kwa baiskeli yangu mwenyewe, na nauli nikamsamehe. Usicheke, mwanangu. Jana umeniambia umekubali kumdhamini wakala mmoja wa forodha kule Malaba kwa mkopo wa chama chenu, ati umebonyeza moja kwenye simu na mambo yakaisha. Hayajaisha. Weka hiyo simu chini unisikize.

Nilikuwa kijana, boda ya baiskeli hapa Busia, kazi yangu kuvusha watu mpakani. Kiti cha nyuma nilikishona mwenyewe, sponji nene na kitambaa chekundu, akina mama wakinichagua kwa sababu ya hicho kiti. Lakini si hiyo nataka kusema. Rafiki yangu Wandera, mwenye shamba kule Mundika, alikuwa mwanachama mwenzangu katika chama cha akiba na mikopo. Akaniletea fomu ya mkopo wake stendi.

"Ndugu yangu, weka sahihi hapa. Wewe ni shahidi tu."

Mimi shule niliachia darasa la tatu. Neno lililoandikwa pale lilikuwa mdhamini. Nililiona kabisa, nikadhani ndivyo serikali inavyoita shahidi. Kumbe shahidi anaangalia, mdhamini analipa.

Miezi ikapita, asubuhi moja Wandera akaja na mabegi mawili, nikampeleka ng'ambo. Hakurudi. Chama kikachukua akiba yangu yote kulipia deni lake, haikutosha. Ndipo dalali aliyetumwa na chama akaja stendi mchana, watu wakitazama, akamshusha mama niliyekuwa nimempakia, akatupa baiskeli yangu kwenye pikapu. Mpaka leo nikikumbuka kifua kinawaka. Nilimuuliza, "Boss, kwani mimi nimekopa nini?" Akanijibu, "Muulize rafiki yako." Na huyo rafiki tulikuwa tunamwona, hapo tu ng'ambo ya mpaka, anakunywa chai na kunipungia mkono.

Nikaokota jiwe, nikaelekea ofisi ya chama. Sokoni nikashikwa shati na Mama Nabwire, mzee muuza omena, wale dagaa wa ziwani, aliyekuwa katika chama kile tangu kianze.

"Hilo jiwe ni la nini?"

"Mama, wameniibia."

"Unataka baiskeli ama unataka kulala ndani?"

"Nataka baiskeli."

"Basi tupa. Na usiseme umeibiwa. Sahihi ni ya nani?"

Nikalitupa jiwe.

"Akiba yako wamechukua kwa sahihi yako, hiyo enda ukalilie nyumbani. Lakini baiskeli ndiyo jembe lako, na sheria inakataa mtu kunyang'anywa kitu anachofanyia kazi. Tena dalali hatoki tu kwake akaja. Kesi isikizwe, apewe amri, aandike orodha ya mali yako, akupe siku saba. Alikupa?"

"Hakunipa hata karatasi."

"Na shamba la Wandera, limevuka naye?"

Mwanangu, nilikaa chini bila kujua nakalia nini. Nilikalia omena yake, nikatukanwa kwa hiyo pia. Shamba lilikuwa Mundika, mahindi yamesimama, na hati yake ilikuwa imewekwa rehani pale pale ofisini kwa chama. Kwa nini hawakuligusa? Mwenyekiti alikuwa shemeji ya Wandera. Hasira yangu iko hapo. Sheria waliijua yote, wakaenda kwa yule anayetoka jasho kwa sababu hana shemeji kwenye kamati.

Mama Nabwire alinipeleka mahakama inayosikiza kesi za vyama vya ushirika. Mkubwa wa mahakama hiyo akamuuliza mwenyekiti wa chama, "Mkopaji ana shamba. Mbona mmeanza na baiskeli ya mdhamini?" Baiskeli yangu ikarudishwa, kiti kimeraruka, na chama kikaamriwa kufuata rehani kwa notisi zote za sheria.

Wandera alipopata habari kwamba shamba litauzwa, alikuja mbio na pesa. Pale mpakani boda iliyokuwa karibu ni yangu. Akapanda. Nilimlipisha nauli ya kuja na ile ya siku alipotoroka. Alimaliza deni, akiba yangu ikarudi.

Sasa wewe. Chama kina haki ya kudai, pesa ile ni ya akina mama wa soko, siwatetei wasiolipa. Lakini wadai kwa njia ya sheria, waanze na mwenye deni. Umesema pesa ya huyo wakala haijatoka. Basi kesho asubuhi uende ofisini uulize ameweka nini rehani. Wakisema hakuna, andika barua unajitoa, na nakala yako igongwe muhuri. Akikuita mwoga, nyamaza.

Mungu akupe mkono mzito wa kutia sahihi na mguu mwepesi wa kwenda kuuliza, na kile unachotafutia riziki nacho kisipakiwe kamwe kwenye pikapu ya mtu.