Shati Lililolowa Bordeaux

Leo ofisini, mjini Plano, wenzangu wamefungua chupa ya mvinyo wa Bordeaux, na ile harufu ya zabibu zilizochacha na ubao mbichi ikanirudisha utotoni, kwenye mlango wa nyumba yetu katika mji jirani wa Garland. Ilikuwa Ramadhani, futari iko mezani. Baba alisimama nje, shati limelowa chapachapa, jekundu. Katoni ya mvinyo ilimpasukia kifuani huko ghalani alikofanya kazi.

"Mlevi haingii humu," mama alisema, ameshikilia kitasa.

Baba akapiga magoti mbele yangu, akafungua kinywa. "Mwanangu, ninuse. Mwambie mama yako."

Kilinuka njaa tu, kinywa kikavu cha mtu aliyefunga.

"Hajanywa, mama."

Mama akaachia kitasa, akalia. Baba hakuinuka.

"Kazini wamenifukuza," alisema. "Nao niliwaomba waninuse. Hakuna aliyesogea."