Bibi wa Televisheni na Dakika Yangu Moja

Bibi niliyekuwa namtunza hapa Muaither, mtaa mmoja wa Doha, alikuwa mtu wa televisheni kwao Uswidi. Miaka mingi kazi yake ilikuwa kukaa mbele ya kamera na kusema anachofikiri kuhusu vitabu, michezo ya jukwaani na tabia za watu. Waliompenda walimwandikia barua, waliomchukia pia. Hapa Doha, kwa mwanawe mhandisi, hakuna aliyemjua. Dukani keshia alimwuliza namba ya simu tu. Mwanawe alitoka alfajiri, akarudi na simu sikioni. Tulibaki wawili na kiyoyozi.

Mimi nimeishia kidato cha pili, lakini ndoto yangu ni utangazaji. Basi redio moja ya mtandaoni ya nchini kwetu ikatafuta sauti mpya: jirekodi dakika moja, eleza maisha ya unapoishi, tuma kabla ya Ijumaa saa sita. Nikajirekodi jikoni, nikajipenda mwenyewe.

Nesi Mkenya aliyekuja kumpima Bibi presha akasikiliza.

"Umesalimia mama, mashangazi, wagonjwa, walio safarini. Imebaki mbuzi tu. Na story iko wapi, dada?"

"Ndiyo nilikuwa naingia."

"Dakika imeisha, mrembo."

Nikamweleza Bibi kwa Kiingereza changu cha kuungaunga. Hakucheka.

"Mimi sikuwahi kumsalimia mtazamaji," alisema. "Wakasema nina kiburi. Nilikuwa naongea na dada yangu, aliyekuwa ananitazama sebuleni kwake. Alipofariki niliendelea, lakini nilikuwa nasoma tu yaliyoandikwa. Wewe unaongea na nani?"

Mama nampigia kila wiki, na simu zetu ni salamu tupu: hujambo, sijambo, wazima huko, wazima. Sijawahi kumwambia kwamba jua likichwea nakaa ngazi za nyuma nikiangalia ukuta wa jirani. Kwetu mama akiuliza habari, unasema nzuri, hata kama umelia asubuhi. Ukiondoa salamu, inabidi useme kweli.

Ijumaa saa nne Bibi aliketi mbele yangu, mgongo wima, akahesabu kwa vidole: tatu, mbili, moja.

"Mama," nikaanza, "hapa siku nzima naweza nisisikie mtu akiniita kwa jina."

Katikati sauti yangu ilikatika. Nikataka kufuta.

"Usifute," alisema Bibi, ambaye hakuelewa neno hata moja.

Nikatuma.

Jumapili wakajibu kwa mstari mmoja: wameshapata mtu, asante. Kwa hiyo mama hakuisikia, na nusu yangu ilishukuru. Nusu nyingine bado inauma. Nilipomwambia Bibi, alisema hata kipindi chake kiliisha kwa barua fupi vilevile.

"Ukafanya nini siku hiyo?"

"Nilichemsha viazi. Nilikuwa na njaa."

Nikaenda jikoni, nikatoa viazi. Akanifuata polepole, akavuta kiti, akaanza kumenya, anakata kiazi chenyewe zaidi ya ganda. Nikabandika sufuria ya maji motoni.