Apdeti ya Gemu ya Matrekta

Kaka yangu aliletwa nyumbani kwa mama, mtaa wa Bigwa, mwezi wa pili, baada ya kupata kiharusi. Alitokea Turiani, alikoendesha trekta kwa miaka kumi na tatu, moja ya trekta za mtu binafsi aliyekuwa akizikodisha kwa wakulima wa miwa. Upande wake wa kulia ulikuwa umelegea. Mguu ulirudi haraka kuliko tulivyotegemea; baada ya wiki chache alikuwa anakwenda chooni mwenyewe huku akishika ukuta. Mkono ndio uliogoma, na yeye mwenyewe akagoma pamoja nao.

Mimi ni mdogo wake, tumepishana miaka minne. Nafanya kazi maktaba, kwenye kampasi ya chuo kule Mazimbu, na wakati huo nilikuwa nimehamia kwa mama ili tusaidiane kumuuguza. Kaka hakuwa na mke. Walishaachana zamani na hawakujaliwa watoto. Asubuhi tulimweka barazani, mahali anapoiona milima. Jioni nikirudi nilimkuta palepale, mkono wa kulia ameuweka juu ya paja, ule wa kushoto umeufunika kana kwamba anauficha.

Mtaalamu wa mazoezi ya viungo, dada mmoja mpole wa hospitalini, alimpa mpira mdogo wa kuminya na vibanio vya nguo vya kubana na kubandua. Mama alikuwa akimbembeleza kila asubuhi.

"Baba, minya basi. Hata mara kumi tu."

Siku moja kaka aliurusha ule mpira uani kwa mkono wa kushoto, ukaangukia kwenye majani ya magimbi.

"Mimi si mtoto wa chekechea," alisema. Ulimi wake ulikuwa bado mzito, lakini sentensi hiyo ilitoka yote.

Tuliporudi kliniki nilimweleza yule dada. Hakushangaa. Aliniuliza kaka yangu alikuwa akipenda kufanya nini kwa mikono yake kabla hajaugua.

"Trekta," nikasema. "Na zamani, gemu."

"Gemu gani?"

Nikacheka kidogo kabla ya kujibu. "Gemu ya matrekta."

Ilikuwa kweli. Kaka alikuwa na mashine ya gemu aliyoinunua mtumba Dar, enzi hizo nasoma, na siku za mapumziko tulikuwa tukicheza pamoja sebuleni kwa mama. Kati ya diski zake zote aliyoipenda zaidi ilikuwa ya kilimo: unaendesha trekta, unalima, unapanda, unavuna, unapeleka mazao sokoni. Nilimtania sana. Mtu anashinda juu ya trekta wiki nzima, siku ya mapumziko anakuja kukaa juu ya trekta nyingine. Alikuwa akinijibu kwamba ya kwenye runinga haina vumbi.

Yule dada wa mazoezi aliuliza swali moja tu la ziada: mafuta unakanyagia wapi? Nikafikiri, nikakumbuka. Kwenye padi, kile kidude cha kushika mikononi, mafuta yanabonyezwa kwa kidole cha shahada cha mkono wa kulia.

"Mletee hiyo gemu," akasema.

Mashine niliikuta uvunguni kwa mama, imefungwa kwenye khanga kuukuu. Nilipuliza vumbi, nikafuta kwa kitambaa kikavu, nikaiunganisha na runinga. Iliwaka mara ya kwanza. Kaka alikuwa amekaa kwenye kochi, macho yake yakiwa kwenye kile kijitaa cha kijani. Mashine ilitudai kwanza tuiwekee tarehe, maana saa yake ilikuwa imerudi hadi mwaka iliotengenezwa.

Gemu ikafunguka. Shamba lake lilikuwepo, trekta yake nyekundu ilikuwepo. Lakini nilipojaribu kuvuka daraja kwenda shamba la pili, picha ikaganda. Nikazima, nikawasha, nikajaribu tena. Ikaganda palepale.

"Ndivyo ilivyo," kaka alisema. "Ndiyo maana niliiacha. Inataka apdeti."

Alinieleza polepole. Ile diski ilitoka kiwandani na kasoro, na waliotengeneza gemu walishatoa marekebisho mtandaoni. Yeye hakuwahi kuyaweka kwa sababu kule alikokuwa akiishi intaneti ilikuwa ya kuomba Mungu. Ilikuwa mara ya kwanza tangu aje nyumbani kuongea zaidi ya sentensi mbili mfululizo. Nikaamua hapohapo kwamba hiyo apdeti itapatikana.

Haikuwa rahisi kama nilivyodhani. Nilipojaribu kuiunganisha mashine na intaneti ya simu yangu, ilikataa: yenyewe nayo ilikuwa imepitwa na wakati, ilitaka isasishwe kwanza ndipo iruhusu kusasisha gemu. Nilisoma maelekezo kwenye simu. Faili la mashine ningeweza kulipakua kwenye kompyuta, nikaliweka kwenye flashi.

Kesho yake, wakati wa mapumziko ya mchana, nilikaa kwenye kompyuta ya maktaba nikalipakua. Jioni nikachomeka flashi. Mashine ikasema haioni kitu. Kaka akataka nimsomee maelekezo neno kwa neno, naye akasikiliza amefumba macho.

"Folda umeiandika kwa herufi gani?" akauliza.

"Za kawaida. Ndogo."

"Wamesema kubwa. Zote kubwa. Fundi unasoma haraka mno."

Nilifurahi kusemwa. Nikaenda Mazimbu tena na flashi ileile, nikairudisha ikiwa imeandikwa inavyotakiwa.

Kilichobaki kunitia hofu ni umeme. Ilikuwa masika, na mtaani kwetu umeme ulikuwa ukikatika mara kwa mara. Maelekezo yalionya kwamba mashine ikizimika katikati ya kusasishwa inaweza isiwake tena kabisa. Mama ndiye aliyetoa wazo. Alinituma kwa jirani yetu, mzee anayefunga sola, nikaazime betri kubwa na kigeuzi chake cha umeme.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Mgonjwa wetu anaendeleaje?"

Nilipomweleza betri ni ya kazi gani, nilitegemea acheke. Hakucheka. Aliipakia kwenye toroli, akaisukuma mwenyewe hadi kwetu, akaunganisha runinga na mashine, akamwambia kaka, "Hii itawapeleka hadi jioni. Mimi sina haraka nayo." Kisha akaondoka.

Ilikuwa Jumamosi, saa tatu asubuhi. Kusasisha mashine yenyewe kulichukua kama robo saa, na dakika zote hizo sikuthubutu hata kupita karibu na nyaya. Ikazima, ikawaka, ikatukaribisha. Kisha nikaiweka simu dirishani upande unaotazama mjini, kwa sababu kwetu mlima unaziba mtandao, nikachomeka diski. Ikaandika kwamba kuna marekebisho ya gemu, je, tunataka kuyapakua? Kaka akabonyeza ndiyo kwa dole gumba la kushoto.

Asilimia moja. Baada ya muda mrefu, asilimia mbili.

Hakukuwa na kitu kingine cha kufanya. Runinga haikuweza kutumika kwa jambo jingine, simu yangu haikuguswa, na nje mvua ilikuwa imeanza. Tukakaa kwenye kochi moja tukiangalia mstari mwembamba wa buluu ukijaa. Mama alikuwa akichambua maharage kwenye ungo karibu na mlango. Kila baada ya muda aliuliza, "Imefika?" nasi tukajibu, "Bado."

Kama saa tano friji iliacha kunguruma. Umeme ulikuwa umekatika mtaa mzima. Tukatazamana. Mstari wa buluu ukaendelea kusogea, arobaini na moja, arobaini na mbili, na nilimwona kaka akishusha pumzi.

Ilipofika sitini na kitu, alianza kuongea bila kuniangalia.

"Unajua waliniambia nimelewa?"

"Nani?"

"Kule shambani. Siku ile."

Sikuwa najua. Tulichoambiwa sisi ni kwamba alianguka kazini akapelekwa hospitali. Akaniambia yaliyotokea, akisimama pale ulimi ulipokwama. Alikuwa anavuta tela la miwa asubuhi. Akaona mkono hauushiki usukani. Trekta ikaacha njia taratibu, ikaingia kwenye miwa ya watu, ikailaza mistari miwili mitatu kabla haijazimika. Watu wakakimbilia. Alijaribu kueleza, maneno yakatoka yamevurugika. Mwenzake waliyekuwa wakipokezana naye trekta ile, rafiki yake wa miaka yote, akapanda, akasogeza uso, akamnusa mdomo.

"Mimi," kaka alisema. "Mimi ambaye sijawahi kuonja. Akaninusa, akawaambia wenzake, 'Mwacheni hapo kivulini, itamtoka.'"

Walimkalisha chini, ameegemea tairi. Alikuwa akisikia kila kitu. Alisikia wakicheka. Hadi adhuhuri mama mmoja aliyekuwa anapeleka chakula alipomwona mdomo umekwenda upande, akapiga kelele.

Mama alikuwa ameacha kuchambua maharage. Alikuwa ameshika ukingo wa ungo kwa mikono miwili.

"Yule rafiki anapiga simu," kaka akaendelea. "Kila wiki. Sipokei."

Nilijua mimi pia nina la kusema, na kwamba nisipolisema muda huo sitalisema. Siku mbili kabla ya kuanguka, kaka alinipigia, akaniambia kichwa kinamuuma na macho yanaona ukungu. Nilikuwa kazini, kuna watu dirishani wakisubiri vitabu. Nikamwambia anywe maji mengi, apumzike, nitampigia jioni. Sikupiga. Nilisahau, basi. Miezi yote ile nilikuwa nikimkanda mkono na kumpikia uji nikiwa na jambo hilo kifuani.

Nikamwambia. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akafikiri.

"Nakumbuka," akasema. "Maji nilikunywa."

"Nisamehe, kaka."

"Hata daktari mwenyewe alisema angeweza kuja tu bila dalili. Wewe ungejuaje?" Akatazama ule mstari wa buluu. "Lakini ungepiga."

"Ndiyo. Ningepiga."

Alinisogelea kidogo kwenye kochi, mabega yakagusana, tukarudi kuangalia asilimia. Mama akaenda jikoni, tukamsikia akipuliza mkaa kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

Apdeti ilimalizika kama saa nane mchana. Gemu ikafunguka, nikampa padi. Aliishika kwa shida. Mkono wa kulia ulikuwa ukiteleza, nikauegemeza kwenye mto. Kidole cha shahada kilikuwa juu ya kitufe cha mafuta, hakina nguvu ya kukishusha. Akaleta mkono wa kushoto, akakibonyeza kile kidole chenyewe. Trekta nyekundu ikaruka mbele, ikasimama. Ikaruka tena. Hivyo hivyo, kwa kushtukashtuka, ikafika darajani, ikavuka, ikaingia shamba la pili ambalo hakuna aliyewahi kuliona kati yetu.

Mama alikuja na chai, akasimama nyuma yetu akatazama kwa makini. Yeye ni mtu wa milimani, amelima matuta ya mteremkoni tangu utoto.

"Hawa watu wanapalilia saa ngapi?" akauliza.

"Humu hakuna kupalilia, mama."

"Basi hicho si kilimo," akasema. Kaka akacheka hadi chai ikamwagika kwenye sahani, kicheko cha upande mmoja wa uso, lakini kilikuwa chake.

Tangu siku hiyo alicheza kila asubuhi baada ya chai. Mimi sikumkumbusha wala mama hakumbembeleza. Wiki za mwanzo kidole kilikuwa kikisaidiwa na mkono wa kushoto. Kisha asubuhi moja, nikiwa navaa viatu niende kazini, nilisikia trekta ikinguruma mfululizo bila kukatika, nikachungulia. Mkono wa kushoto ulikuwa kwenye kitufe cha usukani, ulikotakiwa kuwa. Yule dada wa kliniki alipompima tena alimwambia aendelee na lolote analofanya, na nyumbani kaka akachukua vile vibanio vya nguo bila kuambiwa.

Simu ya yule rafiki aliipokea mwezi huohuo. Sikusikia walichoongea. Jumapili iliyofuata mwanamume mrefu, mweusi wa jua, alibisha hodi kwetu akiwa na kiroba cha mchele wa Turiani begani. Alimwamkia mama, akaweka mchele chini, akabaki amesimama mbele ya kochi.

"Nilikunusa," akasema. "Badala ya kukubeba. Silali vizuri, ndugu yangu."

Kaka alimtazama kwa muda mrefu. Niliogopa atageuza uso.

"Kaa," akamwambia hatimaye. "Nilikuwa nasikia, ujue. Nilisikia yote."

"Najua. Nilijua baadaye."

Akakaa. Kaka akamnyooshea padi, akamwonyesha vitufe kimoja kimoja. Yule bwana, dereva wa miaka mingi, aliiingiza trekta mtoni ndani ya dakika mbili. Hawakuzungumzia tena siku ile, angalau si mbele yetu. Lakini aliondoka jioni kabisa, na mwezi uliofuata akaja tena.

Kaka hakurudi kuendesha. Mkono ulifika mahali ukakoma: unashika kikombe ambacho hakijajaa sana, unafunga vifungo vya shati isipokuwa cha shingoni. Msimu wa mavuno ulipoanza, mwenye trekta alimwita arudi Turiani awe msimamizi wa madereva wapya, awafundishe kunyoosha mistari na kutunza mashine. Tulimpakia begi lake kwenye basi, mama akampa ndizi za kutosha mtaa mzima. Barua ya kazi aliisaini mwenyewe kwa mkono wa kulia. Ilimchukua muda, na herufi zilikwenda upande, lakini jina lilisomeka.