Kengele Mbili za Cyril Munday

Cyril Munday hakuwa mtu wa maneno. Aliingia kantini yangu pale gereji ya mabasi ya Peckham, akavua kofia, akakaa meza ya dirishani, nami nikampelekea chai, mayai na maharage bila kuulizana. Akimaliza anasema, "Asante, Dot." Hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yetu, miaka nenda miaka rudi. Madereva wengine walipiga domo mpaka chai ikapoa. Cyril, hata ukimsifu kwa maharage mabichi aliyoyapanda mwenyewe na kukuletea yamefungwa kwenye gazeti, aliona haya akaangalia viatu vyake.

Wanasema kimya kingi kina mshindo mkuu. Mimi huo mshindo wa Cyril niliungoja mpaka nikachoka.

Lakini huwezi kumwelewa bila kulikumbuka basi lenyewe, lile jekundu la ghorofa, la enzi zetu. Dereva alikaa mbele peke yake, ndani ya kijumba kando ya injini, hasemi na mtu na mtu hasemi naye. Nyuma kabisa kulikuwa na kibaraza kisicho na mlango, na nguzo ya kushikilia. Watu walidandia na kuruka popote foleni ilipolisimamisha basi, wanaume na miavuli yao, wanawake na vikapu vya sokoni, na ghorofani moshi wa sigara ulikuwa unaweza kuukata kwa kisu. Leo nikikaa kwenye haya mabasi yenye milango inayopiga kelele kama mtoto mgonjwa, namkumbuka kila mtu aliyewahi kunikanyaga kwenye kile kibaraza, na ninamsamehe.

Dereva hakuona nani anapanda wala nani anashuka. Macho yake yalikuwa kondakta, na ulimi wa kondakta ulikuwa kengele. Kamba ilipita darini, ukiivuta, kengele inalia kule kwa dereva. Moja, simama. Mbili, ondoka. Tatu, tumejaa, usisimame. Dereva mwenye akili zake hakuthubutu kuondoka bila kengele mbili, kwa sababu huenda kule nyuma kuna bibi ambaye mguu mmoja uko ndani na mwingine bado uko barabarani.

Kondakta wa Cyril alikuwa Verona Alleyne. Alitufikia kutoka Barbados, kisiwa cha jua la mwaka mzima, akiwa msichana, amevaa koti jembamba mpaka mimi nikasikia baridi kwa niaba yake. Asubuhi yake ya kwanza aliingia kantini, mashine ya tiketi ikining'inia kifuani, akatutazama sote.

"Hamjambo, mabibi na mabwana," akasema. "Naomba kuuliza, jua la nchi hii mmelifungia kabati gani?"

Wengi wakacheka. Wengine hawakucheka, maana kulikuwa na madereva wasiotaka kufanya kazi na mtu mweusi. Nawajua kwa majina, na chai yao siku ile niliwamiminia ya baridi. Cyril aliinuka, akavaa kofia yake. "Basi letu liko nje, Bi Verona," akasema. Kwa Cyril, hiyo ilikuwa hotuba.

Kilichowafunga pamoja kilikuwa ukungu. Siku hizo moshi wa makaa ukichanganyika na ukungu wa baridi, ulikuwa huoni hata kiatu ulichovaa. Basi haliwezi kutelekezwa njiani, kwa hiyo kondakta anashuka, anawasha tochi, anatembea mbele, na dereva anaufuata ule mwanga taratibu. Verona alilitembeza basi hivyo tangu Camberwell mpaka getini petu, gari zima la tani kadhaa likimpumulia mgongoni. Walipoingia kantini walikuwa wamepakaa masizi, huyu na yule.

"Mtazameni Cyril!" Verona akapiga kelele. "Leo na yeye kazaliwa Barbados!"

Cyril alicheka mpaka akakohoa. Sikuwahi kumwona akicheka kabla.

Nilimuuliza Verona pembeni, "Hukuogopa atakugonga?"

"Aa wapi, shoga. Nikisimama, anasimama. Nilikuwa nayasikia mawazo yake."

Tangu siku hiyo hakuna aliyewatenganisha. Hawakuwa wapenzi, mkitaka kujua, na kantini nzima ilitaka kujua. Walikuwa wawili wa basi moja. Verona akipanda ngazi na kushuka, akiwatania abiria, akiwauliza wazee, "Umekaa vizuri, mpenzi?" na kisha, "Shikilia vizuri!" halafu kengele mbili, na Cyril kule mbele anaondoa basi kwa ulaini ambao chai haimwagiki.

Kisha wakubwa wakaamua makondakta waondoke. Yaliletwa mabasi mapya, ya ghorofa vile vile, ila mlango uko mbele, dereva anapokea nauli mwenyewe. Verona akapewa mkono wa kwaheri, akaja kuosha vikombe pamoja nami. Cyril akaambiwa ajifunze basi jipya na kupimwa na mkaguzi. Akishindwa mara tatu, anakwenda nyumbani. Na nyumbani kwa Cyril hakukuwa na mtu, kulikuwa na maharage tu. Tulijua sote kwamba mtu yule ukimtoa kwenye usukani umemmaliza.

Mara ya kwanza aliendesha vizuri mpaka kituoni. Abiria wakapanda, wakalipa, wakakaa. Mlango ukafungwa. Basi likabaki pale pale.

"Bwana Munday, kuna tatizo?" akauliza mkaguzi, Bwana Pascoe.

"Hapana, bwana."

"Mbona hatuendi?"

"Nangoja kengele."

Habari ilifika kantini kabla yake. Mara ya pili ikawa vile vile, ila safari hii abiria waligonga vioo. Madereva wenzake wakapata mchezo. Cyril akiinuka mezani, Ron Tapsell anagonga kikombe kwa kijiko mara mbili na kusema, "Haya mzee, sasa ondoka!" Siku moja akaongeza kwa sauti, "Samaki mkunje angali mbichi. Huyu kashakauka."

"Na wewe samaki wako leo utamla bila chipsi," nikamwambia, na nikaiondoa sahani yake ya chipsi akiwa bado na uma mkononi.

Siku ya kuamkia jaribio la mwisho Cyril alikaa mpaka kantini ikabaki tupu. Verona akafuta mikono, akakaa mbele yake.

"Tatizo nini, Cyril? Si unajua kengele haipo?"

"Kichwa kinajua. Mguu haujui."

"Mguu unaogopa nini?"

Akazungusha kikombe. "Unaogopa wewe hujapanda."

Mimi nilikuwa nasugua jiko, nikaacha. Mazoea yana taabu, lakini yale hayakuwa mazoea tu. Mtu yule alikuwa amebeba uhai wa mwenzake miaka yote kwa kungoja sauti mbili, na sasa alikuwa anaambiwa aende tu.

Verona alinyanyua miguu yake, akaiweka juu ya kiti cha pembeni yake. "Tazama. Yote miwili iko hapa, kwa Dot, kwenye joto. Hamna Verona barabarani. Kwa hiyo kesho, watu wakishakaa, mlango ukishafungwa, tazama kioo chako, halafu gonga mwenyewe. Mara mbili. Gonga kwa niaba yangu." Akachukua mkono wa Cyril, akaukunja ngumi, akaugongesha mezani. Ko, ko.

Kesho yake Bwana Pascoe akaingia kantini akijikuna shingo. "Amefaulu," akasema. "Ila kila kituo anagonga ubavu wa basi kwanza. Mnajua ni nini?"

"Ni dini yake, bwana mkaguzi," Verona akajibu. "Muache aabudu."

Aligonga mpaka anastaafu. Watoto wa shule walikuwa wakigonga naye kule ghorofani, na basi zima likatikisika.

Alifariki majira ya baridi, usingizini. Wenzake wakatafuta basi la zamani lililotunzwa na wapenzi wa mabasi, likaondolewa viti vya upande mmoja ghorofa ya chini ili jeneza likae. Ron Tapsell aliomba aendeshe yeye. Nilimkubalia, ingawa hakuniomba mimi. Verona, kichwa cheupe na goti bovu, akasimama kibarazani amevaa koti lake la kazi ambalo vifungo vyake vilikuwa vimekata tamaa.

Tukakaa. Ron kule mbele aliwasha injini. Basi halikuondoka.

Mvua ilikuwa inaingia kibarazani. Nyuma yetu magari yakaanza kupiga honi. Ron hakugeuka. Alikuwa anangoja, kama alivyofundishwa, kama walivyofundishwa wote.

"Verona," nikamwambia, "piga kengele, shoga. Tunalowa."

Mkono wake ulikuwa umeshika kamba. "Siwezi, Dot."

"Kwa nini?"

"Nikipiga, anaondoka."

  Nilikwenda nikasimama karibu naye, nikashika nguzo, na tukalia kama wasichana, huku honi zikiendelea na hakuna aliyejali.

Mwisho Verona akajifuta kwa mkono wa koti. Akaliinamia jeneza, akaliwekea kiganja.

"Umekaa vizuri, mpenzi?" akauliza. Akangoja kidogo. "Basi, shikilia vizuri."

Akavuta kamba mara mbili, na Ron akaachia breki.