Mfaransa Aliyeniamkia Shikamoo

Usiku ule sikulala. Mume wangu Harub alikwenda Nizwa alasiri kuwaomba wakwe wasivunje posa ya binti yetu Ghaniya kwa kijana wao Khalaf, na mpaka saa nane za usiku gari lake halijasikika kwetu Ibra. Ghaniya alijifungia chumbani.

Aliyetufikisha hapo ni Mfaransa mmoja, Lusieni. Maisha yake alinihadithia mwenyewe, huku akila wali wangu. Alianza kazi Paris ana miaka kumi na tisa, akiwabebea watu masanduku ya kamera. Kisha akapewa kupima masafa ya lenzi, picha itoke wazi, na mwisho kamera yenyewe. Miaka kumi na tano alipiga picha za sinema zilizoandikwa na wengine.

"Nimechoka kuwa jicho la watu," alisema.

Akaanza kuandika filamu zake, na hadithi akaja kuzitafuta kwetu.

Ilikuwa mwaka 1981 alipokuja kupiga picha falaji, mfereji unaonywesha mitende. Kiswahili alikipata Mombasa, alikofanya kazi zamani. Aligonga akasema, "Shikamoo, mama."

Tulikuwa Ibra mwaka wa saba. Majirani wakitucheka Kiarabu chetu, wakituita Zinjibari, yaani watu wa Zanzibar tulikotoka, na hapana mtoto wao hata mmoja aliyewahi kuniamkia hivyo. Mwanamke wa hapa angemwambia asubiri mwenye nyumba arudi. Mimi nilijibu marahaba, nikafungua, nikampikia.

Siku moja alimkuta Ghaniya jikoni anachana nywele dirishani. Akamsogezea kidude usoni.

"Napima mwanga tu, mama. Kamera haiendi."

Nikamchunga mikono. Kamera ilisimama kwa miguu yake mitatu, na kumbe ilikuwa inakwenda.

Miaka miwili baadaye kijana aliyerudi masomoni Paris alileta kanda ya video Nizwa, akawafasiria watu. Falaji ilipita upesi. Nywele za mwanangu zilikaa, zilikaa, na sauti ya Kifaransa ikisema msichana huyu anamngoja hawara wake. Maneno kayaandika Lusieni.

Harub aliingia alfajiri.

"Wamesemaje?"

"Turkiya, mama yake Khalaf, kasema hawezi kumwoza mwanawe mke aliyekwisha olewa na Ufaransa nzima."

"Na Khalaf?"

"Kanifungulia mlango wa gari. Yamekwisha."

Mlango wa chumbani ukafunguka. "Aliyemfungulia ni wewe, mama," alisema Ghaniya, akarudi ndani.

Wiki ya tatu baada ya hapo, adhuhuri, mlango wa nje ukagongwa. Nikachungulia tunduni. Lusieni, na kanda mkononi, kaifunga utepe kama zawadi ya arusi.

"Shikamoo, mama."

Kwetu shikamoo hainyimwi jibu, hata ya adui. Mdomo wangu ulikwisha funguka. Ghaniya alikuwa nyuma yangu, kajitanda ushungi mpaka kwenye nyusi, ananitazama mimi.

"Shikamoo, mama! Nimeleta filamu!"

Nikasukuma komeo mpaka mwisho, kwa kishindo ili asikie. Marahaba yake nikaimeza.