Unga wa Zebaki Kichwani mwa Salome

Nakumbuka, na nikikumbuka meno yanasagana, likizo ile ya mwezi wa sita nilipopanda kwetu Dindira na karatasi ya unga mweupe niliouiba kwenye stoo ya maabara. Mwanangu, usiniambie nipoe. Hasira hii ina umri mkubwa kuliko wako, na juzi pale Segera imeamshwa upya.

Nilikuwa kidato cha tatu katika shule moja ya Korogwe, mmoja wa wasichana wanne tuliosoma Kemia. Mwalimu Mhina, aliyetufundisha somo hilo, alinikabidhi ufunguo wa stoo kwa sababu nilikuwa mwangalifu. Ndivyo alivyodhani, maskini. Ndani mlikuwa na rafu ya vitabu vya kale vya Kemia, majalada yake yameliwa na mchwa. Siku moja alitusomea kimoja kilichodai kwamba kila kinachoungua hupoteza kitu kilichojificha ndani yake. Kisha akafungua kilichoandikwa baadaye. Mwandishi wa hicho alichoma bati, akayapima majivu, akakuta ni mazito kuliko lile bati.

"Kama kuna kilichopotea, uzito umetoka wapi?" Mwalimu alituuliza huku akicheka. "Elimu hii imekua hivyo. Mmoja anasema, mwingine anapima."

Wenzangu waliandika. Mimi akili yangu ilikuwa kwenye kile kitabu cha zamani, maana kurasa zake za nyuma zilijaa namna za kutengeneza vitu: sabuni, wino, dawa za ngozi. Palikuwa na dawa ya mapunye iliyotengenezwa kwa unga wa zebaki. Na nyumbani mdogo wangu Salome, mtoto wa miaka tisa, alikuwa na mapunye kichwa kizima. Watoto wenzake walimkimbia. Kanisani alikaa amejitanda kanga hata kwenye joto.

Basi nikaiba ule unga, nikauchanganya na mafuta ya mgando, nikampaka asubuhi na jioni. Wiki ya kwanza mapunye yakakauka. Mama akawaita majirani waje waone. "Binti yetu ni daktari!" wakasema, nami nikavimba kichwa. Mwanangu, sifa ni pombe. Nilizidisha dawa ili apone upesi zaidi.

Wiki ya tatu fizi zake zikavimba, mate yakawa yanamtoka bila kukoma. Uso ukajaa. Mkojo ukakatika. Baba akamteremsha hospitali ya Korogwe kwa lori lililobeba majani ya chai, amempakata njia nzima, na mimi pembeni yao.

"Mmempa dawa gani? Mmempaka nini?" daktari aliuliza.

Baba akanitazama. Nikasema, "Hakuna."

Siku mbili, mwanangu! Siku mbili niliushikilia uongo huo, daktari akibahatisha huku na huku. Wazee walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Mimi nilificha, na aliyekuwa akiumbuliwa ni mtoto asiye na kosa. Siku ya tatu miguu ikanipeleka kwa Mwalimu Mhina, nikamweleza yote. Alichukua baiskeli yake akaenda hospitali, akamwambia daktari. Aliporudi aliniita stoo. Sikuwahi kumwona katika sura ile ya hasira.

Alifungua kitabu changu nilichokipenda, akakiweka mezani. Halafu akatoa kingine kutoka rafu ile ile, kilichokuwa kimeegemeana na cha kwanza. Akanionyesha mstari kwa kidole: zebaki ni sumu, hupita kwenye ngozi, huua figo.

"Aliyeandika hiki cha kwanza hakujua," alisema. "Ana udhuru, amekufa bila kujua. Wewe una udhuru gani? Jibu lilikuwa hapa, upana wa kiganja tu kutoka pale uliposoma! Ulisimama kusoma pale palipokufurahisha!"

Nililia. Hakunibembeleza, na leo namshukuru kwa hilo.

Salome alitoka hospitali, lakini figo zake hazikurudi. Aliishi miaka minne, leo nafuu, kesho kitandani. Baba, aliyeusikia kwa daktari, alimwambia Salome ukweli wote, nikasubiri anichukie. Badala yake alinishika mkono akasema, "Usilie, dada. Mapunye si yalipona?" Tulimzika Dindira. Afadhali angenitukana.

Sasa juzi nashuka basi Segera, namkuta binti wa rika lako na meza ya makopo yasiyo na lebo. Akaniamkia vizuri, "Shikamoo bibi," akimpaka mama mmoja mkorogo wa kung'arisha ngozi mkononi, na mama huyo amebeba kichanga mgongoni. Nikamuuliza ndani mna nini. "Zebaki kidogo tu, bibi. Nimesoma kwenye simu, hata wazungu wa zamani walikuwa wakitumia." Nilipindua ile meza. Ndiyo, mimi, mwalimu mstaafu wa Kemia, mwenye mvi hizi! Watu walinishika wakidhani nimerukwa na akili. Binti alilia, na mimi nikalia.

Sijutii makopo yale. Ninachojutia ni kwamba nilipiga kelele kabla ya kumweleza, ndiyo maana nakueleza wewe. Kitabu kuwa cha zamani si ushahidi, na simu kuwa mpya si ushahidi pia. Ukisoma jambo linalogusa mwili wa mtu, tafuta aliyelipima baadaye, tafuta na aliyelipinga, ndipo unyooshe mkono. Usipojua, uliza, kuuliza si ujinga. Na ukikosea, sema saa ile ile, hata kama ulimi unakuwa mzito kama jiwe, kwa sababu saa unayoficha inalipwa na mwili wa mwenzako.

Kesho narudi Segera kumtafuta yule binti, tukae tuzungumze. Nawe Mungu akupe macho ya kusoma hata kitabu cha pili, akupe na ujasiri wa kukiri. Mikono yako iwe ya kuponya, mwanangu, na isimzike mtu.