Nyama ya Mzazi

Nakumbuka mchana mmoja wa Jumapili, mwanangu, nimelala chumbani na kifungua mimba wangu, na dirishani ikaingia harufu ya nyama ambayo hakuna aliyekusudia kunipa. Leo nina wajukuu, na hasira ile bado inanipanda. Sitakudanganya kwamba nilisamehe yote.

Tulikaa mtaa wa Nyalukemba, katika nyumba ya familia ya mume wangu. Watu walikuwa wamekuja kuniona mimi na mtoto. Karamu ilikuwa yetu. Basi shemeji yangu Fidele, kaka mkubwa wa mume wangu, akaleta jiko la gesi la kuchomea nyama, lile lenye kifuniko na chupa yake ya gesi pembeni, la kwanza mtaani kwetu. Watu wakamsahau mtoto. Wanaume wote wakalizunguka jiko, bia mkononi, na wanawake wakabaki nyuma ya nyumba wakisonga bugali.

Fidele alikuwa na minofu minene ya ng'ombe, na kila alichofanya alikitangaza kama padri anayehubiri. Jiko liwashwe mapema, vyuma vipate moto sawasawa. Nyama ifutwe maji kabla ya kutiwa chumvi. Isidungwe uma, isigeuzwe ovyo. Ikitoka motoni iwekwe kando ipumzike, ndipo ikatwe. Hapo nisikilize vizuri, mwanangu. Nyama ya ng'ombe ilipewa mapumziko. Mimi niliyetoka kwenye uchungu wa kuzaa, hakuna mwanamume aliyechungulia mlangoni kuuliza kama nimekula.

Nao walikuwa wanaonja. Ndivyo wanavyoita. Kipande kinatoka, kinakatwa, kila mmoja anaonja, wanasema bado kidogo, kingine kinawekwa. Nikamsikia mume wangu akicheka nao, mdomo umejaa. Hilo liliniuma kuliko njaa.

Nikamtuma wifi yangu aniombee kipande. Alirudi mikono mitupu, macho chini, akanieleza jibu la Fidele: "Muzazi hakulake nyama ya kuchoma. Mumupikie buyi. Ile iko desturi ya bazee."

Uji! Mtu anakula karamu yangu, halafu ananiagizia uji.

Wakati huo mama mkwe alikuwa ameingia chumbani kumwogesha mtoto. Alikuwa mkali kwangu, sifichi, na tangu niolewe hakuwahi kunisifu kwa lolote. Aliposikia jibu lile alimfunika mtoto, akampa wifi yangu ampakate, akatoka. Nilijikokota hadi dirishani.

Hakupaza sauti. Aliinama kwenye chupa, akafunga gesi. Moto ukazimika.

"Fidele," akasema, "muzee wa hii nyumba iko miye. Papa yako alikuwa anachinja, na kipande ya kwanza ilikuwa inaingia kwa muzazi mbele ya mutu yeyote kutia mukono mu sahani. Nani alikufundisha ingine?"

"Maman, ile ilikuwa ya zamani."

"Ile ya zamani njo ilikuzaa."

Kisha akamgeukia mume wangu. "Na weye. Bibi yako iko na njaa kule ndani, na weye unakula furaha yake. Yeye alizaa; weye umefanya kazi gani?"

Kilikuwa kimebaki kipande kimoja kibichi. Mama mkwe akamwamuru awashe gesi mwenyewe na akichome mwenyewe, bila mtu kuonja. Alisimama peke yake mbele ya jiko, kaka zake wakimtazama, hadi kikaiva. Akaniletea chumbani, akaketi kando ya kitanda akitaka kuomba msamaha.

"Kata kwanza," nikamwambia.

Akanikatia vipande vidogo vidogo. Nilikula vyote mbele yake na sikumbakizia hata kimoja.

Sasa majiko hayo yamejaa mtaa wa Muhumba, na kila nikialikwa nawaona wanaume wanaonja vilevile. Nunua jiko lako, mwanangu, sikukatazi; jifunze kuchoma nyama hadi watu wakusifu. Ila karamu ikiwa ya mtu, sahani ya kwanza iende kwake, na uipeleke kwa mikono yako, usimtume mtu. Mzazi usimsubirishe hadi aombe. Na ukimsikia mwenzako anataja desturi ya wazee huku akijaza tumbo lake, mwambie atuulize wenyewe, wengine tungali hai na midomo tunayo.

Mungu akujalie watoto na cha kuwalisha. Na siku mkeo atakapojifungua, akutie haya ya kuweka kitu mdomoni kabla yake.